Nani Kasema Wananchi Hawaelewi?

Mwishoni mwa Aprili 2022 Arusha ilipewa heshima ya kuwa mji wa kwanza nchini kuzindua The Royal Tour, filamu ambamo Rais Samia Suluhu Hassan anamtembeza mwandishi wa Marekani, Peter Greenberg, kwenye vivutio vya Tanzania. Filamu ilikuwa imetoka New York na Los Angeles, ikaja moja kwa moja kwenye mji wa safari. Hapakuwa na cha kushangaza. Anayeuza twiga huanza na wenye magari ya kuwapeleka watu kuwaona.

Februari 2024 ikatoka filamu nyingine inayowahusu watu wa mkoa huohuo, ila hiyo ilionyeshwa kwa mara ya kwanza mbali, kwenye tamasha la filamu la Berlin. Inaitwa The Empty Grave. Waliotengeneza ni Cece Mlay, mmoja wa watengeneza filamu vijana wa Tanzania, na Mjerumani Agnes Lisa Wegner. Humo hakuna watalii. Mna familia ya Kaaya ya Meru, inayotafuta mabaki ya mzee wao Mangi Lobulu, aliyenyongwa na Wajerumani mwaka 1900. Mna pia familia ya Mbano ya Songea, inayotafuta fuvu la Nduna Songea Mbano, aliyenyongwa mwaka 1906 wakati wa Vita vya Maji Maji.

Ukiwauliza watu wa mjini ni ipi kati ya hizo mbili yenye faida kwa Arusha, hawatakuweka sana.

Msimamo wenyewe umeshakuwa kama sheria. Filamu za hali halisi zinazokwenda taratibu, zisizo na msimulizi, zinazochanganya picha, ukimya na sauti za wazee, ni za wazungu na matamasha yao. Mwananchi wa kawaida haambulii kitu humo. Atasema hazina stori. Kwa hiyo chalii wa Arusha aliyebahatika kupata kamera anashauriwa apige harusi na kipaimara mwisho wa wiki, siku za kazi azipigie kampuni za utalii simba wa Ngorongoro, na sanaa ikimwasha sana atunge Bongo Movie. Anayechora anaelekezwa kwenye soko la vinyago, akachore chui wa Tingatinga na Wamasai wembamba wasio na sura, maana ndio wanaonunuliwa. Ushauri huo hutolewa kwa upendo na baba, na mwalimu, na afisa utamaduni, wakati mwingine na msanii mwenzake aliyeshachoka. Kwa kuwa unatoka kwa watu wenye nia njema, ni vigumu kuupinga.

Upingwe hivyohivyo.

Kauli kwamba wananchi hawaelewi haikutoka kwa wananchi. Ina mwaka wake na ina anwani yake. Mwaka 1935, huko Vugiri kwenye milima ya Usambara, Waingereza walianzisha mradi wa kutengeneza filamu kwa ajili ya watu waliowaita Wabantu, kwa fedha za shirika la Carnegie la Marekani. Mradi uliongozwa na Meja Notcutt, akisaidiana na Latham, aliyewahi kusimamia elimu huko Rhodesia ya Kaskazini. Hadi unafungwa mwaka 1937 ulikuwa umetoa filamu zipatazo 35, juu ya mambo kama kodi, akiba ya posta na ugonjwa wa safura, zikazungushwa kwa lori Tanganyika, Kenya, Uganda na nchi za kusini. Wakuu wake waliamini kwamba Mwafrika akiwekewa filamu wanazoangalia wengine atapotea njia. Basi atengenezewe ya kwake, nyepesi, ya polepole, na awepo mtu wa kumweleza kila anachokiona.

Mwaka 1939 serikali ya Uingereza ilipounda kitengo cha filamu kwa ajili ya makoloni, William Sellers, mmoja wa viongozi wake, akaigeuza imani hiyo kuwa kanuni za kazi. Picha ziwe ndefu, kamera isifanye mbwembwe, hadithi isiruke kutoka mahali hadi mahali. Akili ya mtazamaji ilishapimwa kabla hajakaa kutazama. Lori la filamu limeshaondoka na wenye lori wameondoka, lakini kauli yao imebaki, na siku hizi inasemwa kwa Kiswahili fasaha na watu wenye shahada zao.

Ushahidi wa kuivunja upo mtaani. Ingia kwenye kibanda umiza chochote. Mabenchi ya mbao, runinga moja, joto, spika inayokwaruza. Filamu ni ya Kichina au ya Kihindi, lakini juu yake anazungumza DJ, kwa Kiswahili cha kijiweni. Anatafsiri, anabishana na stelingi, anamcheka adui, ananyamaza pale ambapo ngumi inajieleza yenyewe, kisha anaingiza kisa chake ambacho mwenye filamu hakukiota hata siku moja. Mtu wa kwenye benchi anafuata filamu mbili kwa pamoja, moja ya macho na moja ya masikio. Anajua ni wakati gani zinaelewana na ni wakati gani DJ anamtia kamba, na hapo anapotiwa kamba ndipo anapocheka zaidi. Derek Mukandala, maarufu kama Lufufu, alijijengea jina Tanzania nzima kwa kazi hiyo, kwanza mdomo mtupu mbele ya watu, baadaye kwa kanda alizotia sauti yake. Mwaka 2023 Cece Mlay na wenzake watatu walitoa filamu fupi, Apostles of Cinema, kuhusu watu wa kazi hiyo jijini Dar es Salaam.

Sasa mtazamaji wa namna hiyo ndiye anayeambiwa kwamba filamu ikitenganisha sauti na picha atachanganyikiwa? Yeye amekulia humo. Huenda ana mazoezi kuliko mtazamaji wa Berlin.

Na anayedhani filamu isiyo na msimulizi imeletwa juzi na wafadhili, arudi nyuma hadi mwaka 1992. Mwaka huo Mtanzania Flora M'mbugu-Schelling alitoa These Hands, filamu ya dakika 45 kuhusu wanawake wakimbizi kutoka Msumbiji waliokuwa wakiponda mawe kwenye machimbo ya Kunduchi, nje kidogo ya Dar es Salaam. Hakuna mtaalamu anayehojiwa kwenye kiti. Hakuna sauti nzito ya kiume inayomwambia mtazamaji asikitike lini. Ni nyundo inapanda, inashuka, jiwe linapasuka, vipande vinasogezwa kwenye fungu, nyundo inapanda tena. Mkono mmoja umeshika jiwe, mwingine unalipiga, na mtazamaji anajikuta anavihofia vidole.

Hiyo nayo ni ngumu kwa mwananchi? Aliyewahi kujenga hata choo cha nje anajua kokoto ni bei gani kwa lori. Filamu ile haimfundishi kuponda mawe. Inamkalisha mbele ya mkono unaoponda hadi lile lori lianze kumwelemea. Anayehitaji kuelezwa ni yule ambaye hajawahi kununua kokoto.

Hata hivyo, hoja nzito haiko kwenye uelewa wa mtazamaji. Iko kwenye ardhi yenyewe. Kwa mahali kama Meru, njia iliyonyooka ya kutengeneza filamu haifiki.

Novemba 1951 serikali ya kikoloni iliwaondoa kwa nguvu Wameru wapatao 3,000 kutoka Engare Nanyuki, kaskazini mashariki mwa mlima, kwenye mashamba yaliyojulikana kama namba 31 na 328, ili kuwapisha walowezi wa Kizungu. Nyumba zilichomwa. Mwaka uliofuata Kirilo Japhet alisafiri hadi New York kuyafikisha malalamiko ya watu wake mbele ya Umoja wa Mataifa, na katika kesi hiyo Wameru walisaidiwa na mwanasheria Earle Seaton. Ardhi haikurudi kwa uamuzi wa New York, lakini jina la Meru lilisikika duniani miaka miwili kabla TANU haijazaliwa.

Mpe kijana kamera, mwambie atengeneze filamu ya kawaida juu ya tukio hilo: profesa kwenye kiti, picha za zamani, msimulizi, muziki wa huzuni. Picha zipi za zamani? Nyumba iliyochomwa haimwachii mtu albamu ya familia. Makaratasi yaliyobaki yaliandikwa zaidi na waliochoma kuliko waliochomewa, na kamera nyingi za wakati ule zilikuwa mikononi mwa walowezi na serikali yao.

Miaka kumi baadaye kamera zilikuja, tena kubwa, upande huohuo wa mlima. Mwaka 1961, mwaka wa Uhuru, mwongozaji Howard Hawks alikuwa Momella na mitaa ya Arusha akipiga Hatari!, filamu iliyotoka mwaka 1962. John Wayne anakimbiza vifaru kwa gari, na karibu na mwisho ndovu wadogo wanakatiza katikati ya mji wakimtafuta mpiga picha wa kike. Hardy Krüger, mwigizaji Mjerumani, aliipenda Momella kiasi cha kununua shamba huko. Wenyeji wa Arusha wanapita pembeni ya picha. Anayetafuta ndovu wa Momella wa enzi zile atawapata kwenye simu yake kabla chai haijapoa. Anayetafuta mama wa Engare Nanyuki akiitazama nyumba yake inavyoungua atahangaika.

Hapo ndipo jaribio linapoanza kuwa na kazi. Msanii anaweza kupiga shamba la mahindi la leo, kamera imetulia, huku sauti ya bibi ikitaja majina ya kaya zilizokuwa pale, moja baada ya nyingine, kutoka mtoni hadi mlimani. Anaweza kutembea na kamera ile njia ya kuhamishwa, kwa miguu, bila neno. Anaweza kuweka ile picha ya ndovu wakikimbia mjini, akauondoa muziki wake, akaweka chini yake mzee anayesimulia mwaka 1951. Mtazamaji wa Kikatiti au King'ori, hukohuko Meru, atajua mara moja anachoambiwa: kwamba palikuwa na watu, wakaondolewa, kisha pakapigwa picha za wanyama. Filamu iliyonyooka ingeeleza jambo hilo kwa sentensi moja na kuendelea na safari.

Mambo ya Mangi Lobulu ni magumu zaidi, maana kilichokosekana ni mwili wenyewe. Tarehe 2 Machi 1900, Old Moshi, Wajerumani walimnyonga Mangi Meli wa hapo pamoja na viongozi wenzake wa eneo la Kilimanjaro na Meru, Lobulu akiwa mmoja wao. Mabaki ya watu wengi wa enzi hizo yalipelekwa Ujerumani kupimwa na wataalamu waliodhani tabia ya mtu imeandikwa kwenye fuvu. Taasisi ya Urithi wa Utamaduni wa Prussia, Berlin, ina mafuvu yapatayo 1,100 kutoka Afrika Mashariki, yakiwemo ya Rwanda, Tanzania na Kenya. Septemba 2023 ilitangaza kwamba vipimo vya vinasaba vimeonyesha undugu kati ya baadhi ya mafuvu na watu walio hai kaskazini mwa Tanzania.

Linganisha na Tengeru, kilomita chache kutoka mjini. Kuanzia mwaka 1942 kulikuwa na kambi ya wakimbizi wa Kipolandi wapatao 5,000, waliofika baada ya kuhamishiwa Siberia na utawala wa Stalin. Waliokufa walizikwa hapo, na makaburi yao, yenye majina, yanatunzwa hadi leo. Mwaka 2018 Mkanada Jonathan Durand, mjukuu wa mmoja wa wakimbizi wale, alitoa filamu, Memory Is Our Homeland, akifuata kumbukumbu za bibi yake kutoka Poland hadi chini ya Mlima Meru. Ni filamu ya binafsi, ya taratibu, yenye mapengo. Ikatunukiwa na watazamaji kwenye tamasha la Montreal.

Mgeni aliyezikwa Tengeru ana kaburi, ana jina, ana filamu. Mangi wa Meru hana kaburi lenye mwili. Halafu kijana wa Akeri, Meru, akitaka kutengeneza filamu juu ya kaburi hilo tupu anaambiwa aachane na mambo ya wazungu!

Kwa wachoraji na wasanii wa sanaa nyingine za kuonekana, mambo ni yaleyale. Everlyn Nicodemus alizaliwa Marangu mwaka 1954. Katikati ya miaka ya 1980 alitengeneza kazi aliyoipa jina Woman in the World: alikaa na wanawake wa Denmark, wa Kilimanjaro na wa Calcutta, akawasikiliza maisha yao, kisha akachora na kuandika kutokana na mazungumzo hayo. Njia ni ya mtengeneza filamu za hali halisi, ila kalamu na brashi zimeshika nafasi ya kamera. Tuzo kubwa ya Freelands ya Uingereza ilimfikia mwaka 2022. Maonyesho makubwa ya kazi zake za maisha yote yalifanyika Edinburgh mwaka 2024, akiwa na miaka 70. Rehema Chachage, aliyezaliwa mwaka 1987, amefanya kazi kwa video, sauti, maandishi na maonyesho ya mwili wake mwenyewe, akikusanya visa na mila za upande wa kikeni pamoja na mama yake, mwandishi Demere Kitunga, na bibi yake. Bibi, mama na binti wanatengeneza kumbukumbu kwa mikono yao. Kuna Mtanzania gani asiyejua kwamba historia ya ukoo hukaa kwa bibi?

Wapinzani wana hoja moja ya kweli, na lazima ipewe haki yake: njaa. Harusi inalipa Jumamosi ileile, jaribio hulipa baada ya miaka mitatu au halilipi kabisa. Fedha nyingi za filamu hizi hutoka Ulaya, na mwenye fedha anajua anachotaka kuona. Matokeo yake filamu inamaliza mzunguko wa matamasha kabla mwenye msiba hajaiona. Ni kweli pia kwamba zipo kazi zinazojificha nyuma ya neno majaribio kwa sababu mwenyewe hakuwa na la kusema. Dakika kumi za pazia linalopeperuka hazimfanyi mtu kuwa mwanafalsafa.

Lakini angalia hoja hiyo inaelekea wapi. Inasema hakuna fedha za ndani na hakuna mahali pa kuonyeshea. Haisemi kwamba watu hawaelewi. Hayo ni matatizo ya bajeti, projekta na viti, na dawa yake haiwezi kuwa kumwambia msanii abadili macho. Kibaya zaidi, kauli ya uelewa ndiyo inayohalalisha ubovu wa mengine: kwa nini halmashauri itenge ukumbi kwa filamu ambayo imeshaamuliwa kwamba haitaeleweka?

Arusha yenyewe inajua jinsi unabii wa namna hii unavyoanguka. X Plastaz walipoanza miaka ya 1990 kuchanganya rap ya Kiswahili na uimbaji wa Kimasai, ilikuwa rahisi kusema kwamba mjini hawatakubali na bomani hawataelewa. Kundi hilo likaimba Arusha, likaimba Ulaya, na sauti ya Kimasai ndiyo iliyowafanya wajulikane. Hakuna aliyeandaa semina ya kuelimisha wasikilizaji kwanza.

The Royal Tour iendelee kuleta watalii; madereva na wapagazi wa Meru wana watoto wa kusomesha. Lakini nchi inayoonyesha sura yake kwa mgeni pekee itamwachia mgeni kazi ya kuamua sura hiyo ikoje, kama ilivyoamuliwa mwaka 1961 kwamba Arusha ni mji ambao ndovu hupita.

Basi wenye kushikilia kwamba wananchi hawaelewi waombwe jambo moja dogo, linalowezekana ndani ya mwezi mmoja. Wachukue projekta ya shule, shuka jeupe na jenereta, waende Engare Nanyuki jioni moja baada ya watu kutoka shambani. Waonyeshe These Hands usiku wa kwanza na The Empty Grave usiku wa pili, DJ akiwa pembeni wa kutafsiri maneno pale yanapohitaji kutafsiriwa. Wakae nyuma, wasiseme kitu, wasikilize watu watakachozungumza wakati wa kurudi nyumbani. Baada ya hapo ndipo warudi mjini kutuambia nani haelewi.